Alifungiwa leseni kwa matunzo ya mwanawe, sasa afundisha barabara kwa visosi

Saa tano asubuhi jua la Dubai limeshapamba moto, na mlango wa basi dogo jeupe lililoegeshwa mbele ya hoteli moja ya Al Garhoud haushikiki bila kitambaa. Nyuma ya basi amesimama mwanamume mrefu mwenye sare ya rangi ya udongo na kofia ndogo ya duara. Mikono iko kiunoni. Anayapima kwa macho masanduku ya harusi nzima iliyokuja kutoka Lagos na sasa inarudi kwao.

"Hilo la kijani litangulie," anamwambia dereva. "Lilaze ubavu. Siyo hivyo, Matia! Ubavu!"

Matia, Mganda wa Masaka, anajaribu, anajaribu tena, kisha anaachia. "Kaka, panga wewe. Mimi kazi yangu usukani."

"Ni kweli," anajibu mwenzake huku akilinyanyua sanduku kama anayebeba mtoto aliyesinzia. "Na usukani wenyewe ulikuwa wangu."

Wanacheka wote wawili. Mama wa bi harusi, aliyekuwa na hofu kwamba mzigo hautaenea, naye anacheka bila kujua kinachochekesha. Punde mlango wa nyuma unafungwa kwa kishindo kimoja, basi linashika njia ya uwanja wa ndege, na Dancan Simiyu anabaki kando ya barabara akiwapungia mkono.

Basi hilo aliliendesha yeye kwa miaka sita. Leo, akiwa na umri wa miaka arobaini na mbili, haruhusiwi hata kulisogeza kutoka juani kulipeleka kivulini. Leseni yake imefungiwa kwa sababu ya matunzo ya mtoto ambayo hakuyalipa kwa karibu miaka miwili.

"Watu wakiniuliza, siwafichi," anasema akijifuta jasho kwa kofia. "Sikugonga mtu. Sikulewa. Sikupita taa nyekundu. Nilikuwa dereva mzuri sana mimi. Baba ndiye alikuwa mbovu."

Dancan alizaliwa Webuye, magharibi mwa Kenya, na alifika Dubai kama mlinzi wa maduka. Alisimama mlangoni mwa jengo la fahari mpaka miguu ikavimba, akaweka akiba, akalipia shule ya udereva, akapata leseni. Siku alipokabidhiwa funguo za basi la hoteli alimpigia simu mama yake nyumbani na kumwomba asikilize injini.

Kanisani, kwenye kwaya, ndiko alikokutana na Teresiah Wangeci, mwenyeji wa Nyahururu aliyekuwa akifanya kazi ya mapokezi katika kliniki ya meno ya mtaa wa Karama. Walioana, wakapata binti, wakampa jina la mama yake Dancan: Metrine. Binti alipofika miaka mitano ndoa ikavunjika. Hakuna aliyempiga mwenzake, hakuna aliyefumaniwa. Walichoshana tu, na chumba walichokuwa wakiishi kilikuwa kidogo mno kwa watu wawili wasiosemezana.

Mahakama iliamua mtoto akae na mama, na baba atoe dirham mia nane kila mwezi. Dancan alitoa miezi michache ya mwanzo. Kisha akaacha.

"Nilikuwa na hasira," anasema. "Nikajiambia, akizitaka aje aniombe. Baadaye hasira zikaisha, nikajiambia nitalipa mwezi ujao. Na mwezi ujao ukifika unakuta mbele yake kuna mwingine."

Wakati huo fedha zake zilikuwa zinaelekea Webuye. Alinunua gari aina ya Probox, kaka yake Boaz akawa analiendesha kwa biashara, na kwenye kioo cha nyuma liliandikwa DUBAI kwa herufi nyekundu. "Nilikuwa nawaonyesha watu picha za Probox kuliko picha za mtoto," anasema, na kwa mara ya kwanza asubuhi hiyo hacheki.

Teresiah anayasimulia mambo hayo akiwa nyuma ya kaunta ya kliniki, kalamu ikiwa imechomekwa kwenye nywele. Hana haraka wala uchungu wa kupiga kelele.

"Nilimpigia simu. Nikatuma ujumbe. Nikamtuma mchungaji. Shule ikasema Metrine abaki nyumbani mpaka karo ilipwe, nikawa nakuja naye hapa kazini. Alikaa chini ya hii kaunta anachora meno. Meno, meno, kitabu kizima. Siku moja akaniuliza, mama, hii sasa ndiyo shule yangu? Kesho yake nikaenda mahakamani."

Faili likafunguliwa. Dancan alipigiwa simu na namba asiyoijua, hakuipokea. Alipata ujumbe, akadhani ni wa matapeli, akaufuta. Maisha yakaendelea mpaka mwezi Machi mwaka jana, leseni yake ilipofika wakati wa kufanywa upya.

Alikwenda siku yake ya mapumziko, amepiga pasi shati, ana uhakika kwamba atatoka kabla chai haijapoa. Karani akaingiza namba kwenye kompyuta, akatazama, akaingiza tena.

"Haiwezekani. Kuna faili la mahakama."

"Faini ya kasi?" Dancan aliuliza.

"Hapana. La mtoto."

"Yule dada alisema taratibu kabisa," anakumbuka Dancan. "Lakini mimi nilisikia kama ametangaza kwa vipaza sauti vya uwanja wa ndege. Niliona foleni nzima inanitazama. Pengine hakuna aliyenitazama. Mimi ndiye nilikuwa najitazama."

Alitoka nje akasimama kwenye joto, akampigia Teresiah.

"Umenifungia leseni?"

"Simu zangu hukuzishika, Dancan," Teresiah alimjibu. "Nikaona faili utalishika."

Kisha akakata.

Dereva asiye na leseni ni mtu asiye na kazi, na mgeni asiye na kazi Dubai hana kibali cha kuishi. Mbaya zaidi, mahakama ilikuwa imemzuia kusafiri. Hakuweza kubaki, hakuweza kuondoka. Usiku huo hakuugusa wali wake. Asubuhi alikwenda mwenyewe kwa msimamizi wa usafiri wa hoteli, Abdullatif, mtu ambaye ukoo wake ulihamia Ghuba kutoka Unguja zamani lakini Kiswahili chake bado kina ladha ya kwao.

Abdullatif alimsikiliza mpaka mwisho, akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Bwana Dancan, mie dereva asiyekuwa na leseni nimfanye nini? Nimpe basi alisukume?"

"Nipeleke popote, bosi. Hata jikoni."

"Jikoni utatuvunjia vyombo. Mizigo umepata kubeba?"

"Hapana."

"Miaka sita nakuona wawapigia honi wapagazi wafanye haraka. Haya, yalla. Kesho utavaa sare yao."

Dancan alishukuru, akageuka kuondoka. Abdullatif akamwita.

"Na jambo moja. Mwezi ukipita hujamlipa mtoto, mie mwenyewe nitakwenda kwa meneja nimwambie akufungishe virago. Mtu anayemdhulumu mwanawe simwamini na sanduku la mgeni. Khalas, nenda."

Mshahara ulishuka kutoka dirham elfu mbili na mia nane hadi elfu moja na mia saba. Kitanda na chakula vilibaki kuwa vya hoteli. Kilichobadilika zaidi kilikuwa mgongo. Wapagazi wenzake, ambao walizikumbuka vizuri zile honi, walihakikisha kila mgeni aliyekuja na mikoba ya gofu anapokelewa na Dancan.

Usukani ulikabidhiwa kwa Matia. Kwa wiki nzima Dancan hakumsalimia.

"Alisogeza kiti changu," anaeleza. "Kiti nilichokitafutia mkao wake miaka sita, akakisogeza kwa sekunde moja. Halafu akabadilisha stesheni ya redio."

Matia mwenyewe anakumbuka siku barafu ilipoyeyuka. Alikuwa amepakia mizigo ya wageni wa mkutano, mlango ukakataa kufunga, wageni wakawa wanatazama saa. "Dancan alikuwa amenuna pale pembeni," anasema. "Nikamwambia, ssebo, nisaidie, nafukuzwa kazi mimi. Akaja, akatoa kila kitu, akapanga upya. Ilienea, ikabaki na nafasi ya mtu kukaa. Akasema, haya sasa rudisha ile stesheni ya rumba. Nikarudisha."

Mpaka leo basi hilo husikiliza rumba.

Mbele ya hakimu, Dancan hakujitetea. Malimbikizo yalikuwa yamefika dirham elfu kumi na tisa. Aliahidi kuuza gari lake la nyumbani alipe karibu nusu kwa mkupuo, na zilizobaki azilipe kidogo kidogo pamoja na zile mia nane za kila mwezi. Hakimu akakubali, ila leseni ingebaki imefungwa mpaka deni lote liishe.

Boaz alipewa habari kwa simu kwamba Probox inauzwa. Akauliza kitu kimoja tu: kama anaweza kubaki na kile kioo cha nyuma.

Katika hukumu ile ya kwanza kulikuwa na sehemu nyingine ambayo Dancan hakuwahi kuitumia: haki ya kukaa na binti yake kila Jumamosi mchana. Alipokuwa na usukani, Jumamosi ndiyo iliyokuwa na wageni wengi na bakshishi nono. Sasa, kwa mara ya kwanza, aliomba Jumamosi iwe siku yake ya mapumziko. Akapanda metro mpaka Karama, akaingia kwenye kafeteria ya Wahindi iliyo chini ya ghorofa wanapoishi Teresiah na mtoto, akaagiza chai ya karak, ile nzito ya maziwa na iliki, na chapati ya paratha yenye yai, akangoja.

Metrine aliletwa na mama yake mpaka mlangoni. Alikaa, akakata paratha, akatafuna. Kisha akauliza.

"Baba, ni kweli leseni yako ilifungwa kwa sababu yangu?"

Dancan anasema swali hilo alikuwa amelisubiri tangu ashuke kwenye metro, na bado lilimkuta hajajiandaa.

"Hapana, mama," alimwambia. Humwita hivyo kwa kuwa ana jina la mama yake. "Ilifungwa kwa sababu yangu."

Mtoto akalifikiria jibu hilo. Akasukuma sahani. "Unaweza kunimalizia? Nimeshiba."

"Nikamalizia," anasema Dancan. "Ilikuwa imepoa, imejaa pilipili. Sijawahi kula kitu kitamu kama kile."

Jumamosi zikazaa Jumamosi. Walizunguka na metro mpaka mwisho wa reli na kurudi, bila sababu. Walivuka kutoka Bur Dubai kwenda Deira kwa abra, mashua ya abiria, Metrine akiwa ameshika nauli ya sarafu mkononi kana kwamba ndiye nahodha. Na ilikuwa katika mojawapo ya Jumamosi hizo, juu ya meza ileile ya kafeteria, ndipo siri ya nyumba ya juu ilipoteremka chini.

"Mama amefeli tena," Metrine alisema.

"Amefeli nini?"

"Gari."

Teresiah alikuwa anajifunza udereva kimyakimya. Kliniki ilikuwa inafungua tawi upande wa Al Qusais, na alikuwa ameahidiwa kulisimamia iwapo ataweza kujiendesha kati ya sehemu hizo mbili. Alikuwa ameanguka mtihani wa barabarani mara nne. Kila akianguka, anaongezwa masomo, anatoa fedha nyingine.

Jioni alipokuja kumchukua mtoto, Dancan alimwambia akae kidogo.

"Mama Metrine, unaangukia wapi?"

"Haikuhusu."

"Ni kuegesha?"

Teresiah akafunga zipu ya mkoba.

"Ni kwenye mzunguko wa barabara?"

Akaufungua mkoba, akaufunga tena.

"Ni kwenye mzunguko," Metrine akasema.

Dancan akachukua kisosi cha chai, akakiweka katikati ya meza. Akatoa pakiti za sukari kwenye kopo, akazipanga pembeni.

"Hicho ni kisosi," Teresiah alisema.

"Leo ni mzunguko. Wewe ni sukari hii hapa. Umefika, huyu mwingine yuko ndani tayari anakuja kutoka kushoto kwako. Nani anapita kwanza?"

"Mimi."

"Kwa nini wewe?"

"Kwa sababu nimechelewa kazini."

Mhudumu aliyekuwa anafuta meza ya jirani aligeuka upande kuficha kicheko. Dancan akaisukuma ile pakiti nyingine ikaigonga ya Teresiah, sukari ikamwagika.

"Umekufa," alisema. "Aliye ndani ndiye mwenye njia. Wewe unangoja. Ukiona mwanya, unaingia bila kusitasita. Tena. Na usiishike sukari kama umeshika kombora."

"Usinifundishe kwa sauti hiyo kama mtu anayenidai!" Teresiah aliwaka.

"Nikudai mimi? Si wewe ndiye unayenidai!"

Metrine aliacha kunywa maji. Akamtazama mama, akamtazama baba. Teresiah alikuwa amefumbua mdomo ajibu, lakini kilichotoka kilikuwa kicheko, tena kile cha kukunja tumbo, mpaka akashika meza. Dancan naye akaangukia mlemle. Hawakuwa wamecheka pamoja tangu mtoto yuko chekechea.

"Nilitaka kukasirika," anasema Teresiah, "nikatafuta pa kukasirikia nikapakosa."

Tangu hapo Jumamosi zikawa za masomo. Visosi vikaongezeka. Vijiko vikawa mistari ya njia, kopo la vijiti vya meno likawa taa za barabarani, na chupa ya pilipili ikawa lori. "Likija," Dancan alisisitiza, "usibishane nalo. Hata kama una haki." Mwenye kafeteria hakuwa na neno, mradi kila saa iagizwe chai nyingine. Metrine ndiye aliyekuwa mtahini. Alivaa miwani ya jua ya mama yake, akakunja mikono, na kutamka neno "umefeli" kwa furaha iliyowatia wazazi wake wasiwasi.

Siku Teresiah alipofanya mtihani wa tano, Dancan alikuwa ukumbini mwa hoteli na sanduku la Mholanzi mmoja mrefu kichwani. Simu ikaita. Kwa kawaida mpagazi hapokei simu akiwa na mgeni. Alipokea.

"Nilisikia tu 'Baba Metrine, nimepita,'" anasema. "Sijui nilipiga nduru ya namna gani. Mlinzi alikuja mbio. Yule Mzungu akadhani nimeshinda bahati nasibu. Nikamwambia, mke wangu wa zamani amepata leseni! Akanipa mkono, akaniambia hongera, lakini nilimwona anahesabu kichwani, hesabu zinakataa."

Habari za visosi hazikukaa Karama peke yake. Teresiah alimwambia Mastula, Mganda aliyekuwa mfanyakazi wa nyumbani Jumeirah, ambaye madam wake alimwahidi kumfanya dereva wa watoto akipata leseni. Mastula akamleta Sumeiya wa Tanga, muuzaji katika duka la vitambaa Bur Dubai. Wengine wakafuata. Meza moja ikawa mbili.

"Mwalimu, hapa kwenye kipilefti," Sumeiya aliuliza siku yake ya kwanza, kwa jina ambalo Watanzania huupa mzunguko wa barabara, kutokana na 'keep left' ya Kiingereza, "nikishafika ninashika kushoto?"

"Ukishika kushoto huku utakutana na basi uso kwa uso," alijibu Dancan. "Huku tunaendesha kulia, Sumeiya. Hiyo ni kipiraiti."

Meza nzima ilicheka mpaka chai ikamwagika barabarani, na tangu siku hiyo darasa zima huita mzunguko kipiraiti, wakiwemo Wakenya na Waganda ambao neno la kwanza hawakuwahi kulisikia.

Dancan hatozi chochote, na ni mwepesi wa kueleza mipaka yake. Kuendesha gari lenyewe kunafundishwa na shule zenye kibali. Yeye anaondoa woga tu.

"Kule shuleni mwalimu anaongea haraka, nikikosa naona haya kuuliza," anasema Mastula, ambaye alipita mtihani wake wa pili na sasa huwapeleka watoto wa madam shuleni kila siku. "Hapa nauliza hata mara kumi. Dancan anakasirika, lakini anajibu. Na akishajibu anakununulia sambusa."

Je, Teresiah alilegeza kamba? Hata kidogo. Wakiwa wamekaa pamoja mezani pa kafeteria, Dancan anakiri kwamba alijaribu bahati yake mara moja.

"Nilimwambia, Mama Metrine, nimekufundisha mpaka ukapita. Si ufunge hilo faili sasa?"

"Nikamwambia visosi ni visosi, matunzo ni matunzo," anadakia Teresiah.

Mwezi Julai ndio uliomtikisa. Joto lilipozidi, hoteli ilibaki tupu, na bakshishi, ambazo ndizo hujazia mshahara wake, zikakauka. Siku ya malipo ilikuwa inakaribia na mfuko ulikuwa haujatosha. Dancan anasema aliishika simu akaiweka chini, akaishika tena. Kisha akafanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya katika mambo ya mtoto: akapiga kabla hajapigiwa.

"Nimepungukiwa," alimwambia Teresiah. "Sijakimbia. Nimepungukiwa."

Teresiah alimjibu: "Una wiki moja."

Abdullatif alimtafutia kazi ya ziada ya kupanga viti kwenye ukumbi wa sherehe. Wiki haikuisha kabla malipo hayajaingia. "Zile fedha zilikuja kwa kuchelewa," anasema Teresiah, "lakini ndizo zilizonifanya nimwamini. Mtu aliyekuwa hashiki simu, leo anapiga mwenyewe kukwambia hana."

Sasa yamebaki malipo matatu tu. Teresiah analisimamia tawi jipya na ana Nissan ndogo ya mitumba, yenye mkwaruzo ubavuni ambao anasema aliinunua ikiwa nao na Metrine anasema sivyo. Baadhi ya Jumamosi humpa Dancan lifti mpaka kituo cha metro. Safari hizo si za utulivu. Dancan hukaa kiti cha abiria, mkono mmoja umeng'ang'ania mlango, miguu ikikanyaga breki isiyokuwepo.

"Baba anaendesha kwa miguu yote miwili," anasema Metrine, ambaye sasa ana miaka tisa na hajakosa shule tangu mwaka jana, "na hana hata usukani."

Wanapoulizwa kama pana matumaini ya ndoa kufufuka, Dancan na Teresiah wanajibu "Hapana" kwa pamoja, haraka mno mpaka Metrine anaguna.

"Tunapatana vizuri kukiwa na kisosi katikati," anasema Teresiah. "Tukiondoa kisosi, sijui."

Hotelini, Abdullatif ameshamwambia Dancan kwamba leseni ikifunguliwa kiti chake kipo. Taarifa hiyo ilimnyima Matia raha kwa siku kadhaa, mpaka Dancan alipomwita kando na kumtuliza. Hakitaki tena kile kiti. Ameulizia masharti ya kuwa mwalimu wa udereva, na la kwanza ni leseni safi. Mengine ni mafunzo na mtihani, na mtihani hauogopi. Anataka gari lenye kibao juu ya paa, na mwanafunzi pembeni anayetetemeka, ili amwambie kwa Kiswahili kwamba kutetemeka kunaruhusiwa.

"Na breki ya mwalimu," anaongeza. "Yale magari yana breki upande wa mwalimu. Ya kweli."

Lakini kuna jambo analotaka kulifanya kabla ya hayo yote, siku ileile atakayokabidhiwa leseni. Katika miaka yake sita ya kuendesha, Dancan aliwachukua watoto wa watu kutoka kila pembe ya dunia, akawafunga mikanda, akawafikisha salama. Metrine hajawahi hata siku moja kutoka darasani akamkuta baba yake langoni na gari.

"Nitafika mapema," anasema. "Nitaegesha vizuri, ndani ya mistari. Akitoka na marafiki zake anione."

Metrine, aliye pembeni akichora kwenye kitambaa cha karatasi, anainua kichwa. "Usipige honi."

"Sipigi."

"Lakini ukipiga moja tu, sitasema kitu."

Bado pana swali la gari, maana yeye hana.  Dancan anamtazama Teresiah, ambaye ameshasimama na kuanza kukusanya vikombe. Teresiah anaendelea kukusanya vikombe, anapanga visosi kimoja juu ya kingine, anapangusa meza kwa kiganja.

"Saa moja tu," anasema hatimaye, bila kumtazama. "Na alirudishe na mafuta."